Malaika katika Santuri ya 1965: Sarufi, Mtunzi na Msikilizaji

Utangulizi

Mwaka 1965 kampuni ya RCA Victor ya Marekani ilitoa santuri iliyoitwa An Evening with Belafonte/Makeba. Waimbaji wake wawili, Harry Belafonte na Miriam Makeba, walikuwa wamekwisha kufahamika kwa mamilioni ya watu waliowaona katika televisheni. Nyimbo nyingi za santuri hiyo ni za lugha za Afrika Kusini, hasa Kixhosa, Kizulu na Kisotho. Mmoja ni wa Kiswahili, nao ni “Malaika”. Mwaka uliofuata santuri ilitunukiwa tuzo ya Grammy katika fungu la rekodi za muziki wa jadi.

Habari za wimbo huo husimuliwa kwa kawaida kama habari za sifa, yaani nani aliuimba, wapi, na mbele ya mkuu gani. Mhadhara huu unaushughulikia kama matini ya Kiswahili iliyosafiri. Hoja yake ni kwamba katika safari hiyo sarufi ya matini ilisalimika kuliko hadhi ya mtunzi. Viambishi vilivuka bahari vikiwa vizima, lakini wimbo uliotungwa na mtu mmoja ulifika upande wa pili ukiwa umehesabiwa miongoni mwa mali za wote. Jambo hili lina uzito kwa wanafunzi wa Kiswahili, kwa kuwa linahusu namna fasihi yao inavyotambuliwa na kuorodheshwa.

Waimbaji wa televisheni

Makeba alizaliwa Johannesburg mwaka 1932, na baba yake alikuwa Mxhosa. Mwezi wa Novemba 1959 aliimba katika programu ya burudani ya Steve Allen huko Marekani. Programu za aina hiyo zilichanganya nyimbo, vichekesho, michezo na mazungumzo kwa muda wa saa moja hivi, na mwimbaji alipewa dakika chache tu za kujitambulisha. Kwa Makeba dakika hizo zilitosha. Belafonte, aliyezaliwa New York mwaka 1927, alikuwa tayari na jina kubwa kutokana na santuri yake Calypso ya mwaka 1956. Mwezi wa Desemba 1959 yeye naye alikuwa na programu yake ya televisheni, Tonight with Belafonte, ambayo ilimpatia tuzo ya Emmy, akawa Mmarekani mweusi wa kwanza kuipata.

Televisheni iliwafunza waimbaji hao ustadi wa kuueleza wimbo kwa hadhira isiyojua lugha yake. Makeba alitanguliza maelezo mafupi, kisha sauti na uso vikamaliza kazi. Alama za desturi hiyo zimebaki katika santuri ya 1965, ambamo kila wimbo una jina la Kiingereza na jina la asili katika mabano. “Malaika” uliandikwa kwa maana ya “Malaika Wangu”. Kimilikishi hicho hakimo katika mwito wa Kiswahili. Mswahili amwitapo mpenzi wake malaika hahitaji kuongeza kuwa ni wake, kwani mwito wenyewe umekwisha kumsogeza. Kiingereza kilihitaji kimilikishi ili neno la dini ligeuke kuwa neno la mapenzi.

Makeba alikutana na wimbo huo katika mahusiano yake na Kenya mwanzoni mwa miaka ya 1960. Ulikuwa wakati wa harakati. Mwaka 1963 aliimba katika mkutano wa kuasisi Umoja wa Nchi Huru za Afrika mjini Addis Ababa, akatoa ushahidi juu ya ubaguzi wa rangi mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa, na serikali ya makaburu ikamnyima haki ya kurudi kwao. Wimbo wa kijana asiyeweza kumfikia ampendaye ulipata, katika kinywa cha mwimbaji aliyefungiwa mlango wa nyumbani, uzito ambao haukuwamo katika maneno yenyewe.

Msikilizaji wa Makuyuni

Watazamaji wa Marekani walimwona Makeba kabla ya kumsikia katika santuri. Katika nchi za Kiswahili mambo yalikuwa kinyume. Kenya ilipata televisheni mwaka 1962, Zanzibar mwaka 1973, na Tanzania Bara ilisubiri hadi 1994. Kwa hiyo msikilizaji wa bara alipokea wimbo kwa sikio peke yake, kwa santuri na hasa kwa redio. Chombo hicho kilianza kama Sauti ya Dar es Salaam mwaka 1951, kikawa Shirika la Utangazaji la Tanganyika mwaka 1956, kisha Radio Tanzania Dar es Salaam mwaka 1965, mwaka uleule wa santuri.

Makuyuni, kata ya Wilaya ya Korogwe mkoani Tanga, inafaa kuwa mfano wa mahali pa kufikiria usikilizaji huo. Jina lake lenyewe ni somo dogo la mofolojia: makuyu, yaani matunda ya mkuyu, na kiambishi cha mahali -ni. Eneo hilo limo katika nchi ambamo Kizigua, Kisambaa na Kibondei hukutana, na ambamo kilimo cha mkonge kilivuta vibarua kutoka mbali. Manamba waliokuja kwa mikataba hawakuwa na lugha moja ya nyumbani. Kiswahili kilikuwa lugha ya kambi, ya soko, ya baraza na ya redio.

Kwa msikilizaji wa namna hiyo, kiini cha “Malaika” hakikuhitaji maelezo ya mtangazaji. Kijana anapenda, anataka kuoa, hana mali. Mahari ni jambo lililojulikana kwa wenyeji na wageni vilevile, hata kama kila kabila lilikuwa na hesabu yake. Aliyetoka kwao ili atafute fedha za kuolea aliweza kuukuta ndani ya wimbo ule mkataba wake mwenyewe. Hadhira ya New York ilisikia wimbo wa mapenzi, na hadhira ya mashamba ya mkonge ilisikia pia wimbo wa uchumi.

Sarufi iliyosafiri

Vipengele vinne vya lugha vinastahili kuangaliwa.

Cha kwanza ni neno malaika. Katika Kiarabu umbo hilo ni la wingi, na umoja wake ni malak. Kiswahili kililipokea umbo la wingi kikalitumia kwa umoja na wingi bila kubadilisha shina, huku upatanisho ukifuata ngeli ya viumbe hai: malaika yule, malaika wale. Kamusi huongeza maana nyingine, kama vile mtoto mchanga na vinyweleo laini vya mwilini. Neno lenye upole wa namna hiyo lilikuwa limekwisha kuandaliwa na lugha kabla mtunzi hajalichukua.

Cha pili ni kiambishi cha masharti -nge-. Wanasarufi huonyesha kuwa -nge- huliacha jambo wazi, ilhali -ngali- hulifunga. Asemaye angejenga kama angepata fedha bado hajakata tamaa, lakini asemaye angalijenga anatazama nyuma. Wimbo huu umechagua -nge-. Ndoa haijafanyika, wala haijatangazwa kuwa haitafanyika. Huzuni yake yote inakaa katika kiambishi hicho, nacho hakina kisawe kamili katika tafsiri zilizozoeleka.

Cha tatu ni utata wa hu- na -ku-. Chukua umbo hukuita. Likisomwa kwa hu- ya mazoea na -ku- ya mtendwa, maana yake ni kwamba mtu fulani ana desturi ya kukuita wewe. Likisomwa kwa hu- ya ukanushi wa nafsi ya pili na -ku- ya wakati uliopita, maana yake ni kwamba wewe hukufanya tendo la kuita. Kitenzi cha umbo hilo kimo katika matoleo yaliyozoeleka ya “Malaika”, na muktadha huelekeza kwenye maana ya mazoea. Hata hivyo, maana ya pili, ya kumlaumu asiyejali, haiwezi kufutwa kabisa na sauti. Mwimbaji asiyekuwa mzawa wa lugha aliubeba utata huo mzima, kwa sababu alijifunza maneno kama yalivyo.

Cha nne ndicho kizito zaidi, nacho ni kitenzi -oa. Viambishi vya nafsi vya Kiswahili havibagui jinsia, lakini kitenzi hiki hubagua: mwanamume huoa, mwanamke huolewa. Hivyo maneno ya wimbo yanamtambulisha msemaji kuwa mwanamume bila kutaja jinsia yake mahali popote pengine. Katika santuri ya 1965 Makeba na Belafonte waliimba pamoja nyimbo mbili tu, na “Malaika” ni mmojawapo. Sauti ya kike na ya kiume zinatamka kitenzi kilekile, wala umbo la kutendwa halikuingizwa ili kumstahi mwanamke. Makeba hakuwa mgeni wa tofauti hiyo. Kixhosa nacho hutenga -zeka kwa mwanamume na -enda kwa mwanamke. Angelique Kidjo wa Benin alipourekodi wimbo huo mwaka 1991, alikuwa mwanamke mwingine aliyekiimba kitenzi hicho.

Msikilizaji Mswahili hakushtuka, na sababu iko katika fasihi yake. Katika taarabu, msemaji wa shairi na mwimbaji wake si lazima wawe mtu mmoja. Mwanamke huimba maneno yaliyotungwa na mwanamume, na kinyume chake, na hadhira hujua kuwa nafsi iliyomo ni ya shairi. Desturi hiyo ndiyo iliyolinda sarufi. Wimbo ulipobadilisha midomo, matini haikulazimika kubadilika.

Mtunzi aliyefichika

Desturi hiyohiyo ina gharama yake. Mahali ambapo mwimbaji si lazima awe mtunzi, ni rahisi mtunzi kusahauliwa. Watunzi wa tenzi walilijua hilo, nao walikuwa na dawa. Katika Utendi wa Mwana Kupona wa mwaka 1858, beti za mwisho zinamtaja mtunzi na mwaka wa utunzi ndani ya vina na mizani. Anayeikariri kazi hiyo hadi mwisho hana budi kulitamka jina la aliyeitunga. Wimbo wa dansi wa dakika tatu hauna muhuri wa namna hiyo.

Matokeo yake yanaonekana. Fadhili William, mzaliwa wa Taita, aliurekodi “Malaika” akiwa na Jambo Boys mwaka 1960, na jina lake ndilo lililoshikamana zaidi na wimbo hadi alipofariki Nairobi mwezi wa Februari 2001. Adam Salim wa Tanzania, aliyezaliwa mwaka 1916, alidai kuwa aliutunga mwaka 1945 alipokuwa akiishi Kenya. Grant Charo naye alitajwa. Mabishano hayo ni ya watu wenye majina, miji na miaka. Hata hivyo tuzo ya 1966 iliuweka wimbo pamoja na santuri nzima katika fungu la muziki wa jadi, kana kwamba uliota wenyewe kama mkuyu mtoni.

Haukuwa peke yake. Katika santuri hiyohiyo kuna “Ndodemnyama”, onyo kwa Verwoerd, utunzi wa Vuyisile Mini, mwanaharakati wa vyama vya wafanyakazi aliyenyongwa na serikali ya Afrika Kusini mwezi wa Novemba 1964. Mtunzi aliyekufa mwaka mmoja tu kabla ya santuri kutoka hawezi kuitwa jadi. Neno hilo, ambalo kwa wengi lilikuwa la heshima, lilifanya kazi ya kufuta. Lilimpa Mwafrika mapokeo na likamnyima utunzi.

Baadaye Hep Stars wa Sweden waliurekodi “Malaika” mwaka 1967, na Boney M. mwaka 1981, wote kwa Kiswahili. Kila toleo liliongeza umaarufu wa lugha, na hakuna lililotatua swali la mtunzi.

Hitimisho

Linganisha na Siti binti Saad, aliyerekodi santuri Bombay mwaka 1928. Jina lake halikupotea, kwa sehemu kwa sababu Shaaban Robert, mzaliwa wa Tanga, aliandika wasifu wake. Kalamu ilifanya kazi ambayo santuri haikuifanya. “Malaika” haukupata Shaaban Robert wake wakati mashahidi wa miaka ya 1940 walipokuwa wangali hai.

Kazi iliyobaki kwa vyuo ni ya aina mbili. Ya kwanza ni kuhariri nyimbo za dansi na taarabu kama matini, kwa kulinganisha matoleo neno kwa neno, kama inavyofanywa kwa miswada ya tenzi. Ya pili ni kwenda Korogwe, Pangani, Taita na kwingineko kuwauliza wazee waliozisikia nyimbo hizo redioni zilipokuwa mpya: nani alisemwa kuwa mtunzi, maneno yapi yaliimbwa, na yapi yalibadilishwa. Sarufi ya wimbo inaweza kusubiri, kwa kuwa imo katika santuri. Kumbukumbu za wazee haziwezi.