Mstari wa katikati: kwa nini Mahagi tunashika kuume na Nebbi wanashika kushoto

Wandugu wasomi, leo sitaongelea kahawa wala muhogo. Nitaongelea rangi nyeupe inayopakwa katikati ya barabara, juu ile rangi nusura iniue, na nilipoanza kutafuta sababu nikajikuta nasoma mkataba wa mwaka 1894.

Mambo yalikuwa hivi. Tulitoka Mahagi-Port kabla ya jua, tukaacha ziwa Albert chini, tukapanda mlima mpaka Mahagi, tukavuka bariere ya Goli na kuingia Uganda. Tulikuwa watatu ndani ya gari dogo: muzee mwenye gari, mama mmoja muuza samaki, na mimi. Tulipopita Nebbi muzee akachoka, akanipa usukani. Permi nilikuwa nayo. Kwa dakika kama ishirini niliendesha vizuri kabisa, nimeshika kushoto kama Waganda wote, lakini ukweli ni kwamba nilikuwa ninafuata tu gari la mbele. Halafu tukasimama kununua maembe. Tuliporudi barabarani hapakuwa na gari mbele wala nyuma. Mkono wangu wenyewe ukanipeleka kuume.

Sikuhisi kitu chochote kibaya. Lami safi, hakuna vumbi, hakuna mashimo. Muzee alikuwa amefumba macho. Niliona ile mistari ya katikati iliyokuwa imekatika-katika ikiungana kuwa mstari mmoja mzima, nikajisemea tu kwamba hapa rangi wameweka nyingi. Kona ikafika, na kwenye kona likatokea lori la mafuta. Nilikata usukani kushoto, tairi mbili zikaingia majanini, lori likapita. Honi yake mpaka leo ninaisikia.

Muzee hakupiga kelele. Alingoja mpaka gari lisimame, mama wa samaki amalize kusali, kisha akaniuliza: «Mwana, ule mustari ulikuwa unakuambia nini?»

Sikuwa na jibu. Nina lisansi ya kilimo, ninaweza kukueleza kwa nini jani la kahawa linageuka njano, lakini swali lile lilinishinda. Permi yangu niliipata kwa njia ambayo wengi wenu mnaijua: picha, pesa, siku chache. Hakuna aliyeniuliza habari ya mstari. Na nilipojifunzia kuendesha, kwenye njia ya udongo inayoteremka Mahagi-Port, hakuna mstari wa kuulizia.

Njia ya udongo ina sheria zake, na tuzitambue kwanza, juu njo tunazobeba kichwani tunapofika kwenye lami. Katikati ya njia ndiko kugumu, pembeni ndiko maji yamekula. Kwa hiyo kila mtu anapita katikati. Mukikutana uso kwa uso, mdogo anampisha mkubwa: mtu wa miguu anapisha pikipiki, pikipiki inapisha gari dogo, gari dogo linapisha Fuso. Kuume na kushoto tunakumbuka dakika ya mwisho tu, wakati wa kupishana. Ukikulia kwenye sheria hiyo, mstari mweupe ni pambo.

Kumbe hata wenzetu waliopata gari kabla yetu waliishi miaka mingi bila huo mstari. Huko Marekani, jimbo la Michigan, alikuwepo Edward Hines, mkuu wa barabara wa wilaya ya Wayne. Mwaka 1911 alipaka mstari katikati ya barabara moja. Inasimuliwa kwamba wazo alilipata akiwa nyuma ya mkokoteni wa maziwa uliokuwa unavuja, akaona maziwa yanachora mstari mweupe nyuma yake. Hadithi ya maziwa siwezi kuiapia, lakini mwanamke wa California ninamwamini zaidi. June McCarroll alikuwa daktari. Mwaka 1917 lori lilimsukuma nje ya barabara, gari lake likaingia mchangani. Baadaye akapita kwenye barabara ya saruji iliyomwagwa kwa vipande viwili, na mahali vipande vilipokutana pakabaki kama mgongo mdogo katikati. Akaona kwamba ule mgongo unamfanya kila shofere abaki upande wake bila kuambiwa na mtu. Akaenda kwa wakubwa wa wilaya kuwaomba wapake mstari. Walimsikiliza kwa adabu, hawakufanya kitu. Akaupaka mwenyewe, kisha vyama vya wanawake wakaendelea kusumbua serikali mpaka mwaka 1924 California ikakubali.

Napenda hadithi ya huyu mama kwa sababu inaonyesha mstari ni kitu gani. Hauna nguvu ya kuzuia lori. Ni kilo chache za rangi. Nguvu yake yote ni kwamba shofere wa huku na shofere wa kule, ambao hawajuani na hawataonana tena, wanausoma namna moja.

Ili wausome namna moja ilibidi mataifa yakubaliane. Tarehe 8 Novemba 1968 mjini Vienna yakaandikwa makubaliano mawili, moja la namna ya kuendesha na lingine la alama za barabarani. Nchi yetu, wakati huo ikiitwa Zaire, iliingia mwaka 1977, na mwaka uliofuata ikatoka sheria namba 78-022 ya tarehe 30 Agosti 1978, ile tunayoiita code de la route, yaani sheria ya barabara. Wengi wetu tunaisikia tu kwenye mdomo wa polisi.

Sasa, tushike kuume au tushike kushoto? Hapo rangi haikusaidii. Mstari unakuambia kuna pande mbili, haukuambii upande upi ni wako. Hilo lilishaamuliwa zamani, na kwa sisi wa Mahagi liliamuliwa kwa namna ya ajabu kidogo.

Tarehe 12 Mei 1894, Mfalme Leopold II, mwenye Dola Huru la Kongo, alisaini mkataba na Waingereza. Leopold alikuwa anautamani mto Nili. Waingereza wakamkodisha eneo la Lado, magharibi mwa Nili, alishike wakati wote wa maisha yake. Zaidi ya hapo wakampa kipande kingine kwa masharti marefu zaidi: ukanda wa kilometa 25 kwa upana, kutoka kwenye mgongo wa milima unaogawa maji ya Kongo na ya Nili, mpaka ufuko wa ziwa Albert, pamoja na bandari ya Mahagi. Kipande hicho hakikufungwa kwenye uhai wa mfalme, kilibaki mali ya Kongo na ya Ubelgiji baada yake. Kwa upande wao Waingereza walitaka ukanda wa kilometa 25 kati ya ziwa Tanganyika na ziwa Edward, wapate kupitisha ndoto yao ya Cape mpaka Cairo. Wajerumani wakakataa, na hicho cha Waingereza kikafutwa mwezi wa sita mwaka huohuo. Chetu kikabaki. Mwaka 1906 wakakutana tena, habari ya kukodisha Lado ikapunguzwa, lakini ukanda wa Mahagi haukuguswa.

Leopold alikufa Desemba 1909. Mwaka 1910 Lado ikarudishwa Sudani ya Waingereza, na mwaka 1914 sehemu yake ya kusini, West Nile, yaani Arua na nchi ya jirani zetu, ikahamishiwa Uganda. Mkataba wa London wa tarehe 3 Februari 1915 ukachora mpaka. Hakuna Mualur aliyeitwa kwenye meza. Ndiyo maana mtu wa Mahagi anazika shangazi yake Paidha kwa kuvuka bariere.

Mnaona ninapokwenda. Waingereza walishika kushoto tangu zamani, sheria yao ya mwaka 1835 iliandika hivyo. Wabelgiji walishika kuume. Gari zilipokuja, kila mkoloni alileta desturi ya kwao. Kongo ilipopata uhuru tarehe 30 Juni 1960 ikabaki kuume, Uganda tarehe 9 Oktoba 1962 ikabaki kushoto. Sudani peke yake iligeuka: mwaka 1973 ikaacha kushoto ikaenda kuume, na Sudani Kusini ikarithi hivyo. Kwa hiyo nchi iliyokuwa chini ya mkono mmoja wa Leopold leo inaendeshwa kwa namna mbili: huko Rejaf karibu na Juba kuume, Arua kushoto, Mahagi kuume. Kama ule ukanda wa kilometa 25 ungerudi kwa Waingereza pamoja na Lado, mimi ningekuwa nimekua nikishika kushoto, na lori lile tungepishana bila hata kutazamana.

Lakini bado kuna jambo moja lililonisumbua. Kwa nini mkono wangu ulinidanganya? Nilikaa na muzee jioni Mahagi-Port, tukachora kwenye mchanga, tukapata. Ni usukani. Gari zetu nyingi za Ituri zinapitia Mombasa na Kampala, zimetengenezwa kwa nchi za kushoto, usukani uko kuume. Huko Uganda gari kama hilo liko kwao: shofere anakaa karibu na mstari wa katikati, anaona anayekuja. Kwetu, gari lilelile linamkalisha shofere upande wa majani. Miaka yote nimeendesha huku majani yakipita karibu na bega langu la kuume. Siku ile baada ya maembe, nilipoingia upande usio wangu, majani yakaja begani, mwili ukaniambia: tulia, uko nyumbani.

Usukani huohuo unatuua pia huku kwetu. Shofere anayetaka kupita Fuso lazima atoe nusu ya gari nje ndipo aone mbele. Mara nyingi anayemwonea ni abiria wa kiti cha mbele: «Pita, pita... ngoja!» Kuna watu wamekufa kati ya «pita» na «ngoja».

Muzee alinifundisha dawa mbili za Uganda. Ya kwanza: kwa gari hili, bega langu likae upande wa mstari wa katikati, siyo upande wa majani. Ya pili sikuwahi kuifikiria: alama za barabarani zinamtazama anayezihitaji. Ukiona karibu nawe zinakupa mgongo, chuma kitupu bila maandishi, ujue uko upande wa wenzako.

Na mstari wenyewe sasa ninaujua. Ukikatika-katika, unaweza kuuvuka kupita mwenzako, kama mbele ni wazi. Vipande vikianza kuwa virefu na nafasi kati yake fupi, ni tangazo kwamba mstari mzima unakuja, maliza unalofanya urudi kwako. Mstari mzima usiuvuke wala usiukanyage: kuna kona, kilima au daraja, kitu ambacho waliopaka walikiona na wewe bado. Ikiwa ni miwili, mmoja mzima na mmoja umekatika, soma ule ulio karibu na wewe. Hapa ndipo nilipofurahi. Sheria haisemi «wa kuume» wala «wa kushoto», inasema ulio karibu nawe. Kwa hiyo inavuka Goli bila kubadilika. Kinachobadilika ni upande wako tu, na huo uushike pale bariereni, kabla ya kukanyaga mafuta.

Ukingo wa katikati, ule wa saruji au wa maua kwenye barabara kubwa za mijini, ni mstari mzima uliopewa mwili. Kati ya Kampala na Entebbe, barabara ya haraka iliyofunguliwa mwaka 2018 inao urefu wote: ukikosa pa kutokea, unaendelea mpaka pengine, hakuna kugeuka. Wenzetu motari hawaupendi ukingo, juu pa kugeukia pako mbali, basi wanarudi kinyume wakiubana ukingo kwa ndani. Ninawaelewa, petroli ni pesa. Lakini upande ule ndiko wenye haraka wanakopita, na shofere pale hatazami mtu wa mbele yake, amekwisha kuahidiwa kwamba hayupo.

Jumapili iliyopita, sisi vijana wachache tuliwaita motari wa Mahagi-Port kwenye kiwanja cha mpira. Tulichora kwa majivu barabara nzima: mstari mzima, uliokatika, miwili, na kipande cha Goli ambapo unahama kutoka kuume kwenda kushoto. Walikuja kumi na mmoja. Mmoja aliuliza kwa nini ajifunze mstari wakati kwetu hakuna rangi. Kabla sijafungua mdomo, mwenzake anayebeba samaki mpaka Nebbi kila wiki akamjibu kwa Kialur, watu wakacheka, akashuka kwenye pikipiki yake akaja kusimama upande wa kushoto wa majivu.

Ijayo tunarudia saa tisa. Mvua ilishafuta ile ya kwanza, kwa hiyo anayekuja abebe majivu kidogo, na kamba kama anayo.