Kushinda na mtu, kumshinda mtu

Hapa Kisumu Ndogo, Malindi, jirani akikuuliza jioni "Umeshindaje?", haulizi umemshinda nani. Anataka kujua mchana umekwendaje. Usiku tunalala au tunakesha, mchana tunashinda. Hata asiyetia kitu kinywani ameshinda, ameshinda njaa.

Neno lilinirudia nilipokuwa nikiwaza juu ya The Letter, filamu ya 2019 ya Maia Lekow na mumewe Christopher King. Kwa miaka kadhaa waliifuata familia moja ya Kilifi, ambako bibi wa miaka tisini na ushei anaitwa mchawi na watu wa damu yake. Mwaka 2020 Kenya iliiteua kuwania Oscar. Watu husema wale wawili walikwenda kupiga picha. Mimi naona walikwenda kushinda: bibi yuko na jembe lake, na kamera haina haraka.

Tofauti iko kwenye silabi moja. Waliomshuku bibi walitaka kum-shinda. Wenye kamera walishinda naye. (Siku ya kwanza mgeni huwekewa kiti, akizidi kushinda hupewa muhogo amenye.)