Kinuyo Tanaka: alizuiwa na mtu aliyemjua

Wandugu, mimi ni mtu wa agronomia, lakini leo nawaletea historia ya sinema. Kinuyo Tanaka alizaliwa Shimonoseki, Japani, mwaka 1909. Alianza kuigiza 1924, filamu zikiwa bado bubu. Mwaka 1931 Heinosuke Gosho alitoa filamu ya kwanza ya Kijapani yenye sauti iliyofanikiwa, na Tanaka alikuwa ndani.

Nyuma ya vita alitembelea Marekani. Kurudi, akarushia watu mabusu kama nyota wa Hollywood. Magazeti yakamsema vibaya sana. Wengine wangenyamaza pale. Yeye, mwaka 1952, akaigiza Oharu katika filamu ya Kenji Mizoguchi, kazi ambayo watu wanaisifu mpaka leo.

Halafu akataka kuongoza filamu mwenyewe. Na nani akampinga? Mizoguchi huyohuyo! Mtu aliyemsifu mbele ya kamera hakumtaka nyuma yake. Tanaka hakurudi nyuma. Kati ya 1953 na 1962 aliongoza filamu 6, wakati Japani ilikuwa karibu haina mwanamke mwingine kwenye kazi ile.

Mwaka 1975, Berlin ilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike, juu ya kuigiza mama mzee aliyeuzwa Borneo akiwa msichana. Akafariki 1977.

Mimi naona hivi: mwenye kukusifu anaweza pia kukuwekea mpaka. Diploma yako ni mlango, si ukuta. Ninyi mnasemaje?