Msimu ambao Oljoro walishuka daraja: kwa nini Arusha bado haijarudi Ligi Kuu

Sisi watu wa Daraja Mbili neno "daraja" liko kwenye jina la kata yetu. Kwenye soka, neno hilohilo ndilo linaloumiza watu. Timu ikishuka daraja, mji mzima unashuka nayo. Mara ya mwisho kwa Arusha kushuka kutoka Ligi Kuu ya Tanzania Bara ilikuwa mwisho wa msimu wa 2013/14, na timu ilikuwa JKT Oljoro. Tangu hapo hadi kumalizika kwa msimu wa 2024/25, haijapanda timu nyingine ya Arusha.

Wasikilizaji wetu wadogo, wale waliozaliwa baada ya mwaka ule, hawajawahi kuwa na timu ya nyumbani kwenye Ligi Kuu. Makala hii inaeleza ilikuwaje.

Oljoro walikuwa akina nani?

JKT Oljoro ilikuwa timu ya Jeshi la Kujenga Taifa, kutoka kambi ya Oljoro nje kidogo ya mji wa Arusha. Ilipanda Ligi Kuu kwa msimu wa 2011/12 na kucheza misimu mitatu. Uwanja wake wa nyumbani ulikuwa Sheikh Amri Abeid, katikati ya mji. Kabla yake, mji uliwahi kuwakilishwa na AFC Arusha.

Kwa miaka hiyo mitatu Simba, Yanga na Azam walilazimika kuja Arusha kila msimu. Siku kama hiyo hunufaisha wengi: muuza jezi, mama lishe, bodaboda, nyumba za wageni, hata mkulima anayeleta ndizi na viazi sokoni.

Msimu wenyewe ulikuwaje?

Msimu wa 2013/14 ligi ilikuwa na timu 14, kila moja ikicheza mechi 26. Timu 3 za mwisho zilishuka moja kwa moja: JKT Oljoro, Ashanti United ya Dar es Salaam na Rhino Rangers ya Tabora. Nafasi zao zilichukuliwa na Polisi Morogoro, Ndanda ya Mtwara na Stand United ya Shinyanga.

Juu ya msimamo mambo yalikuwa tofauti kabisa. Azam walitwaa ubingwa wao wa kwanza bila kupoteza hata mechi moja, wakiwa na pointi 62. Mbeya City, timu ya Halmashauri ya Jiji la Mbeya, ilimaliza ya tatu ikiwa ndiyo kwanza imepanda. Ashanti na Rhino walipanda pamoja nayo, lakini wakarudi chini msimu huohuo.

Kwa hiyo hatuwezi kusema kwamba timu za mikoani hazikuwa na nafasi. Mbeya iko mbali na Dar es Salaam kuliko Arusha, na bado vijana wa Mbeya waliwapita Simba.

Timu inapotezaje msimu?

Wengi hufikiri timu hushuka kwa kufungwa mabao mengi. Mara nyingi siyo. Hushuka kwa hesabu ndogo ndogo za pointi.

Ushindi ni pointi 3, sare ni pointi 1, kufungwa ni sifuri. Chukua timu iliyoshinda mechi 3 na kutoka sare mechi 10. Ina pointi 19. Nyingine imeshinda 6 na kutoka sare 1 tu. Nayo ina pointi 19. Ile ya kwanza imepoteza mechi chache zaidi, na mashabiki wake watasema "hatufungwi ovyo", lakini zote mbili ziko pabaya. Kwenye vijiwe vya soka watu hupima hivi: timu isiyofikisha wastani wa pointi moja kwa kila mechi ijiandae kushuka.

Jambo la pili ni safari. Msimu ule timu ya Arusha ilipaswa kusafiri hadi Bukoba kucheza na Kagera Sugar, hadi Mbeya mara mbili, Tanga mara mbili, Tabora, Morogoro, na Dar es Salaam na Pwani mara kadhaa. Timu yenye fedha hufika mapema na kupumzika. Isiyo nazo hushuka kwenye basi ikiwa imechoka.

Jambo la tatu ni mwenye timu. Msimu ule timu 6 kati ya 14 zilikuwa za vyombo vya ulinzi na usalama. JKT peke yake ilikuwa na zaidi ya moja, ikiwemo JKT Ruvu na JKT Mgambo. Faida ya timu ya jeshi ni kwamba wachezaji wana makazi, nidhamu na chakula. Ugumu wake ni kwamba mji unaishangilia tu, hauimiliki. Matokeo yakiharibika, shabiki wa Kaloleni au Sokon hana mkutano wa wanachama wa kwenda kuuliza.

Baada ya kushuka, shimo likazidi kuwa refu. Msimu wa 2015/16 Shirikisho la Soka, TFF, liliziadhibu timu nne za daraja la kwanza kwa upangaji wa matokeo: Geita Gold, Polisi Tabora, JKT Kanembwa na JKT Oljoro. Zote zilishushwa, na Mbao FC ya Mwanza ikapanda Ligi Kuu.

Mfano kutoka mbali

Jambo hili la nani mwenye timu halikuanzia kwetu. Marekani wana mpira wao wa miguu ambao kwa kweli huchezwa zaidi kwa mikono. Ligi yao kubwa, NFL, ilianzishwa mwaka 1920, na timu nyingi za mwanzo zilitoka miji midogo yenye viwanda.

Dayton Triangles wa jimbo la Ohio walikuwa timu ya aina hiyo, ikitegemea viwanda vitatu vya mji huo. Walianza vizuri mwaka 1920. Lakini mwaka 1928 walicheza mechi 7 na kufungwa zote, na mwaka 1929 walicheza 6, wakafungwa zote tena. Ligi ile haina kushuka daraja. Timu iliuzwa, nafasi yake ikahamia Brooklyn, New York, na Dayton wakabaki bila timu.

Mji mwingine mdogo, Green Bay, nao ulibanwa na fedha. Mwaka 1923 wakazi waliuziwa hisa za timu yao, Green Bay Packers. Mwaka 1929, Dayton wakifungwa kila mechi, Green Bay walitwaa ubingwa. Timu hiyo iko mjini kwake hadi leo, na hisa bado ziko mikononi mwa wananchi.

Kurudi kunawezekana

Hapa nyumbani kushuka siyo kufa. Mtibwa Sugar, bingwa wa 1999 na 2000, ilishuka mwaka 2024 na kurudi mwaka 2025. Mbeya City ilishuka mwaka 2023, nayo ikarudi mwaka 2025. JKT Ruvu ilishuka mwaka 2017 na ikapanda tena kwa jina la JKT Tanzania. Majirani zetu wa Babati wamepata Ligi Kuu kwa njia nyingine: Fountain Gate ilihamia kwao mwaka 2024.

Arusha tuna Mbuni FC na TMA Stars, ambazo zimekuwa zikipambana katika Ligi ya Championship, ngazi moja chini ya Ligi Kuu. Kupanda kuna thamani kubwa kuliko zamani. Mkataba wa matangazo uliosainiwa na Azam mwaka 2021 ni wa miaka 10 na zaidi ya Sh. bilioni 225, na mgawo wa klabu huenda kwa zilizo Ligi Kuu.

Wakati huohuo, kata ya Olmoti unajengwa uwanja mpya wa watazamaji wapatao 30,000 kwa ajili ya AFCON ya 2027, ambayo Tanzania itaandaa pamoja na Kenya na Uganda. Mashindano hayo yatachukua wiki chache. Baada ya hapo uwanja utahitaji mechi kila mwezi.

Mbuni na TMA Stars huchezea nyumbani, na kiingilio chao ni kidogo kuliko cha kutazama Simba na Yanga. Ratiba ikitoka tutaisoma hewani. Atakayetaka Ligi Kuu irudi Arusha aanze kwa kwenda kuwaona hao.