Kutoka Sauti hadi Mwanga: Thomas Young na Historia ya Maneno «Wimbi» na «Chembe»

1. Utangulizi

Katika vitabu vingi vya shule, jaribio la mianya miwili huelezwa kwa mistari michache tu. Mwanga hupitishwa katika nafasi mbili nyembamba, michirizi ya mwanga na giza huonekana kwenye kiwambo, na mwanafunzi huambiwa kwamba mwanga ni wimbi. Kurasa chache baadaye huambiwa kwamba mwanga ni chembe. Mwanafunzi makini husita hapo, naye ana haki ya kusita. Wimbi la ziwa huenea, hupita pande zote mbili za mwamba, kisha hukutana tena na nafsi yake. Chembe ya mtama haifanyi hivyo: ama imepita kushoto, ama imepita kulia.

Makala haya yanafuata historia ya jaribio hilo tangu mwanzo wa karne ya 19. Yanakusudia kuonyesha kwamba sehemu kubwa ya ugumu wake imo katika maneno yaliyoazimwa kulieleza, na kwamba jambo hilo lilikuwamo tangu mwanzo, kwa kuwa aliyefungua njia hiyo, Thomas Young, aliufikia mwanga kwa kupitia uchunguzi wa sauti ya binadamu.

2. Tasnifu juu ya sauti

Young alizaliwa mwaka 1773 huko Milverton, Uingereza, akasomea udaktari. Mwaka 1796 alipata shahada yake katika Chuo Kikuu cha Göttingen, Ujerumani. Pamoja na tasnifu yake alitoa alfabeti ya herufi 47, aliyoikusudia itoshe kuandika sauti za lugha zote. Wanaisimu wanamkumbuka kwa mambo mengine pia. Mwaka 1813 ndiye aliyetumia kwanza jina la lugha za Kihindi-Kiulaya, na makala yake ya mwaka 1819 juu ya maandishi ya kale ya Misri yalitangulia ufumbuzi kamili wa Champollion wa mwaka 1822.

Aliyetaka kueleza jinsi sauti inavyotoka kooni hakuwa na budi kujua sauti yenyewe ni nini. Young alitoka kwenye koo akaingia katika mitikisiko ya hewa, na mwaka 1800 akaisomea Royal Society ya London utafiti wake juu ya sauti na mwanga pamoja. Alijua kwamba sauti mbili zinazokaribiana kwa kimo, zikilia pamoja, husikika zikipanda na kushuka kwa zamu, kwa sababu mitikisiko yake mara huongezana na mara hupunguzana. Ikiwa sauti juu ya sauti yaweza kuleta unyamavu, je, mwanga juu ya mwanga hauwezi kuleta giza?

Swali hilo lilihitaji ujasiri. Christiaan Huygens wa Uholanzi alikuwa ameandika mwaka 1690 kwamba mwanga huenea kama wimbi, lakini kitabu cha Isaac Newton cha mwaka 1704, kilichoelekea upande wa chembe, kilikuwa kimetawala fikra za Waingereza kwa karibu miaka mia moja. Young alimheshimu Newton bila kumhesabu kuwa mtu asiyeweza kukosea. Katika mhadhara wake wa Novemba 1801 alichukua vipimo vya Newton mwenyewe, vile vya miviringo ya rangi inayoonekana katika tabaka nyembamba ya hewa kati ya vioo viwili, akavitumia kukokotoa urefu wa mawimbi ya mwanga. Kwa mwekundu alipata takriban sehemu 7 za 10,000 za milimita, na kwa urujuani takriban sehemu 4. Hesabu hizo zinakaribiana sana na vipimo vya leo.

3. Karatasi ya 1803 na mianya ya 1807

Jaribio alilolisimulia mbele ya Royal Society tarehe 24 Novemba 1803 halikuwa na mianya miwili. Young alitoboa tundu katika luva ya dirisha, akaliziba kwa karatasi nene iliyotobolewa kwa sindano, na kwa kioo akaupeleka mwali wa jua ukutani. Katikati ya mwali huo aliweka ukanda wa karatasi ngumu wenye upana wa sehemu 1 ya 30 ya inchi, yaani chini kidogo ya milimita 1. Ndani ya kivuli cha ukanda huo ilionekana michirizi, na katikati kabisa, mahali ambapo mtu angetazamia giza kuu, palikuwa na mwanga.

Kisha akauzuia mwanga wa upande mmoja tu wa ukanda. Michirizi yote ya ndani ya kivuli ikatoweka, ingawa mwanga wa upande wa pili ulikuwa ukiendelea kupita kama awali. Ilikuwa dhahiri basi kwamba michirizi hiyo haikutokana na upande huu wala ule, bali na kukutana kwa pande mbili.

Mianya miwili yenyewe imo katika mihadhara yake iliyochapishwa mwaka 1807. Kwa kuwa hakutoa humo vipimo vya jaribio hilo, wanahistoria wamebishana kama alilitenda kweli au alilieleza tu kama tokeo la lazima la hoja yake. Hata hivyo mfano huo ndio uliobaki, kwa sababu unaonyesha kanuni nzima kwa uchache wa vyombo. Mahali ambapo njia mbili zinalingana kwa urefu, mawimbi huongezana. Mahali ambapo njia moja inaizidi nyingine kwa nusu ya wimbi, hufutana.

Mapokezi yalikuwa makali. Henry Brougham, aliyeandika bila kutaja jina lake katika jarida la Edinburgh Review, aliishambulia kazi hiyo kwa dhihaka zaidi kuliko kwa hoja. Young alijibu mwaka 1804 kwa kijitabu, akaeleza tena kwa mfano wa mawimbi ya ziwa yanayoingia katika mfereji mmoja kutoka sehemu mbili. Inasemekana iliuzwa nakala moja tu.

4. Ushindi wa neno «wimbi»

Ushindi ulikuja kutoka Ufaransa. Mwaka 1818 Augustin Fresnel alipeleka kwenye Akademia ya Sayansi ya Paris nadharia ya mawimbi iliyojengwa juu ya hesabu kamili. Siméon Poisson, mmoja wa waamuzi na mfuasi wa chembe, alikokotoa kutoka katika nadharia hiyo tokeo lililoonekana la kipuuzi: katikati ya kivuli cha kisahani cha mviringo lazima pawe na nukta yenye kung'aa. François Arago akalifanya jaribio, na nukta ikaonekana. Mwaka 1819 Fresnel alipewa tuzo. Mwaka 1865 James Clerk Maxwell alitoa milinganyo iliyouonyesha mwanga kuwa wimbi la umeme na sumaku, na mwaka 1887 Heinrich Hertz alianza kuzalisha mawimbi ya namna hiyo katika maabara yake. Mwishoni mwa karne ya 19 sentensi «mwanga ni wimbi» ilihesabiwa kuwa kweli isiyo na shaka.

5. Kurudi kwa chembe

Hata hivyo, katika majaribio yaleyale ya mwaka 1887, Hertz aliona kwamba mwanga wa kiukaurujuani ulisaidia cheche kuruka kati ya vipande vya metali. Baadaye ilijulikana kwamba mwanga huo huzing'oa elektroni. Ajabu ni kwamba kwa metali nyingi mwanga mwekundu, hata ukiwa mkali, haung'oi kitu, ilhali mwanga hafifu wa kiukaurujuani hung'oa. Mwaka 1905 Albert Einstein alieleza kwamba mwanga hutoa nishati yake kwa mafungu yasiyogawanyika, na kwamba ukubwa wa kila fungu hutegemea rangi. Robert Millikan wa Marekani, ambaye hakuamini fikra hiyo, aliupima mlinganyo wake kwa miaka kadhaa, na mwaka 1916 akalazimika kukiri kwamba unalingana na vipimo. Mwaka 1923 Arthur Compton alionyesha kwamba miali ya eksi hugongana na elektroni kama vigololi vigonganavyo. Jina «fotoni» lilienea baada ya kutumiwa na Gilbert Lewis mwaka 1926.

Je, michirizi ya Young haikuwa kazi ya mafungu mengi yanayosukumana? Kabla ya swali hilo kupata uzito wake wote, jibu lilikwisha anza kuonekana. Mwaka 1909 Geoffrey Taylor, huko Cambridge, alipiga picha ya kivuli cha sindano kwa mwanga uliofifizwa mno, hata picha moja ikahitaji saa 2,000 hivi, yaani karibu miezi mitatu. Michirizi haikupungua uwazi wake.

6. Elektroni moja moja

Mwaka 1924 Louis de Broglie aligeuza swali katika tasnifu yake ya Paris: ikiwa wimbi lina tabia ya chembe, kwa nini chembe isiwe na tabia ya wimbi? Mwaka 1927 Clinton Davisson na Lester Germer huko Marekani, na George Paget Thomson huko Uingereza, waliona elektroni zikifanya michirizi na miviringo katika fuwele na utando wa metali. Baba yake Thomson, Joseph John, alikuwa amepata tuzo ya Nobel mwaka 1906, naye akikumbukwa kwa kugundua elektroni kama chembe. Mwana alipata yake mwaka 1937 kwa kuonyesha uwimbi wa elektroni hiyohiyo. Hakuna aliyemkanusha mwenziwe.

Mianya halisi ya elektroni ilitengenezwa na Claus Jönsson huko Tübingen mwaka 1961. Mwaka 1974 Merli, Missiroli na Pozzi huko Bologna waliweza kupitisha elektroni moja moja, na mwaka 1989 Akira Tonomura na wenzake huko Japani walitoa picha za jambo hilo zilizo wazi zaidi. Kwanza huonekana nukta chache, kana kwamba mtu amemwaga mchanga ovyo. Zikifika maelfu, michirizi hujitokeza. Kila elektroni hupokelewa mahali pamoja tu, lakini mpangilio wa zote hauelezeki ila kwa mianya yote miwili. Na pindi kinapowekwa chombo cha kutambua elektroni imepita mwanya gani, michirizi hutoweka. Mwaka 1999 watafiti wa Vienna walipata michirizi kwa molekuli zenye atomu 60 za kaboni, na mwaka 2019 ikapatikana kwa molekuli zenye atomu karibu 2,000.

7. «Ni» na «kama»

Mwaka 1926 Max Born alifasiri hesabu za wimbi hilo kuwa zinatoa uwezekano wa kuipata chembe mahali fulani. Mwaka uliofuata, huko Como, Niels Bohr alieleza kwamba picha mbili hizo hukamilishana, bali hazionekani pamoja katika jaribio moja. Mwaka 1928 Arthur Eddington alijaribu kuunda neno moja la Kiingereza kwa kuchanganya mawili ya awali, nalo halikushika mizizi.

Ukitazamwa kwa jicho la mwanaisimu, ubishi wote huo ulizunguka kitenzi kishirikishi «ni». Wanaosema «mwanga ni wimbi» na wanaosema «mwanga ni chembe» wanakosana, kwa maana «ni» hapo hulinganisha kitu na kitu kwa ukamilifu. Lakini majaribio yenyewe hayakusema hivyo hata mara moja. Yalisema kwamba mwanga husafiri kama wimbi na hupokelewa kama chembe, na elektroni vivyo hivyo. Sentensi hiyo haina ukinzani. Kila «kama» ina kitenzi chake, na kila kitenzi kina chombo chake maabarani: mianya kwa kusafiri, kiwambo kwa kupokelewa.

Ni kweli kwamba «kama» haimalizi fumbo. Haielezi kwa nini kitu kilichoenea hupokelewa mahali pamoja, na juu ya hilo wanafizikia wenyewe wanaendelea kutofautiana. Faida yake ni kwamba inaliweka swali mahali pake. Maneno «wimbi» na «chembe» yalizaliwa ziwani na shambani, nayo yaliletwa maabarani na watu waliohitaji mfano. Mwalimu anayefundisha fizikia kwa Kiswahili hahitaji kuyaacha. Anahitaji kumwambia mwanafunzi, siku ileile ya kwanza, kila neno limeazimwa kwa kazi ipi, ili anaposita mbele ya kurasa zile mbili asidhani kwamba upungufu umo katika akili yake.