Kuachiana

Kati ya kuachana na kuachiana kuna irabu moja tu, na siasa zetu zimepita humo. Oktoba 2014, CHADEMA, CUF, NCCR-Mageuzi na NLD, vyama vilivyoungana kwa jina la UKAWA, vilikubaliana kusimamisha mgombea mmoja kila ngazi. Mtaani tukasema wameachiana majimbo: huku nakupisha, kule unanipisha. Waingereza walikwishafanya hivyo mwaka 1903, Liberal walipokubali kuwapisha Labour katika baadhi ya majimbo. Uchaguzi wa 1906 Labour wakapata wabunge 29.

Tunduma, wakati huo ikiwa bado Mkoa wa Mbeya, mwaka 2015 ilimchagua Frank Mwakajoka wa CHADEMA. Kwingineko "wenza" walikabana koo hadi kwenye karatasi ya kura, na kabla ya siku ya kura Profesa Lipumba alishajiuzulu uenyekiti wa CUF. Hapo neno lilikwishaanza kuipoteza irabu yake.

Mwaka 2020 Tunduma ikaenda kwa David Silinde, aliyekuwa mbunge wa Momba kupitia CHADEMA. Safari hii tiketi yake ilikuwa ya CCM. Huko hakuna aliyemwachia mwenzake. Hilo sisi tunaliita kuhama.