Filamu Zilipopata Sauti, Nani Alipewa Maneno?

Ukiingia kwenye kibanda umiza pale Bariadi, filamu inaweza kuwa ya Kichina au ya Kihindi, lakini sauti inayovuma ni ya Mtanzania anayesimulia kwa Kiswahili. Mwigizaji anafungua mdomo, msimulizi anaamua kasema nini. Kumbe kwenye filamu, kuonekana ni jambo moja na kupewa maneno ni jambo jingine kabisa.

Sasa twende Berlin, mwaka 1929. Hadi wakati huo filamu zilikuwa bubu: mwigizaji alitumia uso na mikono, maneno machache yaliandikwa kwenye kioo, na mpiga piano alijaza ukimya ukumbini. Hans Albers, Mjerumani aliyezaliwa Hamburg mwaka 1891, alikuwa ameshacheza filamu bubu zaidi ya 100. Mwaka huo wa 1929 akatokea kwenye Die Nacht gehört uns, moja ya filamu za kwanza za Kijerumani zenye sauti. Watu wakaipenda sauti yake, naye akawa nyota mkubwa wa nchi nzima.

Mwaka huohuo, jamaa mmoja wa Dar es Salaam alifika Berlin. Alizaliwa mwaka 1904 kwa jina la Mahjub bin Adam Mohamed. Ujerumani alijulikana kama Mohamed Husen. Baba yake alikuwa askari wa Kisudani katika jeshi la kikoloni la Wajerumani. Vita ya Kwanza ya Dunia ilipoanza, Husen naye aliingia jeshini akiwa mtoto wa miaka 10 hivi. Mwaka 1917 alijeruhiwa kwenye mapigano ya Mahiwa, huko kusini, akatekwa na Waingereza.

Alichofuata Berlin kilikuwa haki yake: mshahara wa vita, wake na wa baba yake. Serikali ikamjibu kwamba amechelewa. Basi akabaki, akawa mhudumu kwenye jumba la starehe la Haus Vaterland, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, na Januari 1933 akamwoa Maria Schwandner. Siku chache baadaye Hitler akawa mkuu wa serikali.

Kuanzia mwaka 1934 Husen alicheza filamu zaidi ya 20. Angalia nafasi alizopewa: mtumishi, mhudumu, askari mtiifu. Mtu aliyewafundisha Wajerumani lugha alitumiwa zaidi kama pambo la kuonyesha "Afrika". Enzi ya filamu bubu ilikuwa imekwisha, lakini kwake ni kama ilikuwa inaendelea.

Mwaka 1941 njia za hawa wawili zikakutana kwenye filamu Carl Peters. Albers alicheza Peters mwenyewe, yule ambaye mikataba yake ya mwaka 1884 ilifungua mlango wa koloni lililokuja kumeza hata Usukuma. Kwenye historia, Peters alifukuzwa kazi mwaka 1897 kwa ukatili wake kule Kilimanjaro. Kwenye filamu ni shujaa, na Husen ni mfuasi wake, Ramasan. Yaani mtoto wa koloni alitumiwa kumsafisha aliyelianzisha.

Mwaka huo huo Gestapo walimkamata Husen kwa kosa la kuwa na uhusiano na mwanamke Mjerumani. Alipelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen bila kufikishwa mahakamani, akafia huko tarehe 24 Novemba 1944. Albers aliendelea kuwa nyota hadi alipofariki mwaka 1960.

Mwaka 2007 jiwe dogo la kumbukumbu liliwekwa Berlin mbele ya nyumba alimoishi Husen. Na msomaji wa riwaya ya Abdulrazak Gurnah, Afterlives, atakutana na Ilyas, ambaye safari yake inafanana sana na hii.

Shuleni tunafundishwa majina ya magavana na tarehe za mikataba. Ni sawa, yanatoka kwenye mtihani. Ila ukikutana na filamu au picha ya zamani ya koloni letu, usiishie kumtazama aliye katikati. Mtazame na yule aliyesimama pembeni ameshika sinia, kisha jiulize: huyu angeruhusiwa kusema, angesema nini? Huenda alikuja kudai mshahara wake tu.